Afande Asiyejua Kazi: Filamu Nne, na Ipi Uanze Nayo

Kuna hadithi moja ambayo sinema za Marekani huirudia kila baada ya miaka michache, nami siichoki. Mtu ambaye hata geti la shule linamshinda kulinda anapewa beji na bastola, na kabla hajajua bastola inashikwaje, risasi zinaanza kulia. Ni komedi na ni filamu ya mapigano kwa wakati mmoja, na ndani yake mna jambo la kweli kabisa: ile hofu ya mtu aliyeripoti kazini siku ya kwanza huku akijua moyoni kwamba hajui kitu.

Kazi ni kuchagua. Ukizitazama kwa nje, filamu hizi zinafanana kama mapacha: mmoja katoa macho, mwenzake kanuna, nyuma yao gari la polisi lenye taa za kuwaka. Ukishaingia ndani unakuta hazifanani hata kidogo, na ukianza na isiyokufaa unaweza kuikatia tamaa aina yote. Hapa nazilinganisha nne ninazozifahamu vizuri: Police Academy ya 1984, Blue Streak ya 1999, 21 Jump Street ya 2012 na Ride Along ya 2014.

Ninapozipima, swali langu ni moja. Huyu mtu asiyejua kazi ana kitu gani ambacho polisi waliosomea hawana? Filamu yenye jibu zuri inabeba kicheko mpaka mwisho. Isiyo na jibu huchekesha nusu saa ya kwanza, halafu inabaki kelele.

Mlango walioingilia

Katika Police Academy mlango umefunguliwa na meya. Mji una upungufu wa askari, na meya mpya anaamuru kwamba yeyote anayetaka kuwa polisi apokelewe chuoni, awe mfupi, mnene, mwembamba, mwanamke au mwanamume. Wakuu wa jeshi wanakasirika na kuamua kuwatesa makuruta hao mpaka waondoke wenyewe. Steringi, Carey Mahoney, aliyechezwa na Steve Guttenberg, hata hakutaka kuja. Alikuwa akiegesha magari ya wateja, akakorofishana na mteja mwenye kiburi, akaliegesha gari lake limelala ubavu. Akapewa achague: jela au chuo cha polisi. Akachagua chuo, akiwa na nia ya kufanya utundu hadi afukuzwe, kumbe wakuu hawataki kufukuza mtu, wanataka watu waache kwa hiari yao. Hapo pande mbili zinavutana kamba na kila upande unataka kitu kilekile bila kujua. Ni chanzo cha kuchekesha kilichopangwa vizuri sana.

Na amri ile ya meya haikutoka hewani. Mwaka 1977 Mahakama ya Juu ya Marekani iliamua kesi ya mwanamke aliyenyimwa kazi ya uaskari magereza huko Alabama kwa sababu hakufikisha uzito wa ratili 120, yaani kama kilo 54. Majaji walikikataa kigezo hicho cha urefu na uzito kwa kuwa kiliwafungia nje wanawake wengi bila kuthibitishwa kwamba kazi inakihitaji. Filamu ilipotoka miaka 7 baadaye, swali la nani anafaa kuvaa sare lilikuwa bado la moto.

Blue Streak inaingilia dirishani. Miles Logan, aliyechezwa na Martin Lawrence, ni mwizi wa vito. Wizi wa almasi unaharibika baada ya mwenzao kuwageuka, na kabla ya kukamatwa Miles anaificha almasi kwenye njia ya hewa ya jengo linalojengwa. Anatumikia kifungo cha miaka miwili. Anatoka, anakwenda kuchukua mali yake, anakuta lile jengo limekuwa kituo cha polisi cha Los Angeles. Sijui mwanzo wa komedi ulio mzuri kuliko huu kwa miaka ile. Hauhitaji maelezo ya pili: anatafuta karatasi za kughushi, anajiita mpelelezi Malone aliyehamishiwa hapo, anaingia.

21 Jump Street ndiyo pekee ambayo mashujaa wake wamesoma hadi kumaliza, na bado hawajui kazi. Schmidt (Jonah Hill) ana akili ya mitihani lakini mwili haumtii. Jenko (Channing Tatum) ana mwili lakini mtihani wa karatasi unamtoa jasho. Wanasaidiana chuoni, wanafaulu, wanapangiwa doria ya baiskeli kwenye bustani. Siku wanayomkamata mhalifu wa kweli, anaachiwa, kwa sababu Jenko alishindwa kumsomea haki zake. Tangu kesi ya Miranda ya mwaka 1966, polisi wa Marekani hulazimika kumwambia mtu aliye mikononi mwao, kabla ya kumhoji, kwamba ana haki ya kunyamaza na haki ya kuwa na wakili. Kila mtoto aliyekulia mbele ya runinga nchini mwao ameyasikia maneno hayo. Jenko, mwenye beji, hayajui. Kosa lile dogo linatueleza yeye ni nani kuliko hotuba yoyote ingeweza.

Ride Along inabisha hodi mlangoni kwa adabu. Ben Barber (Kevin Hart) ni mlinzi wa shule ya sekondari, amepokelewa chuo cha polisi cha Atlanta, na anataka kumwoa Angela. Kaka yake Angela, James (Ice Cube), ni mpelelezi asiyecheka na mtu. Anamchukua Ben doria siku moja ili amtie adabu: anampeleka kwenye kila tukio la kero ambalo askari wenyewe hulikimbia, akitumaini jioni Ben atasalimu amri. Shemeji anajaribiwa na shemeji. Hiyo haihitaji tafsiri popote duniani.

Wana nini mikononi?

Hapa ndipo ninapozitenganisha.

Miles Logan ana elimu ya wizi. Anafika mahali palipoibiwa, wapelelezi wanazunguka wakiokota vipande, yeye anatupa jicho mara moja na kujua wizi ule ulipangwaje, kwa sababu ndivyo yeye mwenyewe angefanya au asingefanya. Kila anapojaribu kuondoka na almasi yake, kazi inamvuta, na kila anapofanya kazi anaifanya vizuri kuliko wenye vyeti. Mwenzake kijana, Carlson (Luke Wilson), anamtazama kama mwalimu. Sisi tunajua siri, wao hawajui, na kila sifa anayopewa inazidi kumfunga kwenye sare anayotaka kuivua. Halafu anatokea Tulley, mwizi mwenzake wa zamani, aliyechezwa na Dave Chappelle kabla hajawa maarufu kama alivyo leo. Tulley yuko katikati ya kupora duka, anainua macho, anamkuta rafiki yake na beji. Ile sehemu nimeirudia mara nyingi kuliko inavyofaa, na bado nacheka palepale, pale Tulley anapodhani kila kitu ni mchezo na Miles anatakiwa amkamate mbele ya mashahidi.

Kwa kipimo changu, Blue Streak inashinda. Kutojua kwake upolisi na kujua kwake wizi ni kitu kimoja, kimegeuzwa upande wa pili. Waandishi hawakuhitaji kumpa bahati ya ghafla ili afaulu.

Schmidt na Jenko wana kila mmoja wao mwenzake. Wanarudishwa shule ya sekondari kama wanafunzi bandia ili wanase wauzaji wa dawa mpya ya kulevya, wanachanganya majina yao ya bandia, na yule mzito wa akili anajikuta darasa la kemia na wajuzi wa maabara, huku yule mwenye haya akiwekwa kwenye mchezo wa kuigiza na vijana wanaopendwa. Jenko aliyekuwa mfalme wa shule anakuta ufalme umehama: vijana maarufu wa sasa wanajali mazingira na wanavumiliana, na ubabe wake wa zamani unaonekana ushamba. Schmidt, aliyekuwa akichekwa, kwa mara ya kwanza anapendwa, na anaanza kumsahau rafiki yake. Filamu hii ina maumivu ya kweli chini ya vichekesho. Unamhurumia Jenko, na hukutegemea. Ndiyo sababu naiweka ya pili, tena kwa tofauti ndogo sana. Mtu anayethamini urafiki kuliko ujanja wa njama anaweza kuiweka ya kwanza na nisimbishie.

Ben wa Ride Along ana mdomo, na ana michezo ya video. Anazitambua silaha kwa majina kwa sababu amezitumia zote akiwa kwenye kochi. Wazo ni zuri, na linapotumiwa linafanya kazi. Lakini halitumiwi vya kutosha. Kwa muda mrefu Ben anapiga kelele, James ananuna, na mizani haisogei. Kinachoiokoa ni Hart mwenyewe. Kuna sehemu kwenye uwanja wa shabaha anaposhika bunduki kubwa kwa kujiamini, anafyatua, na bunduki inamrusha nyuma. Mwili wake mfupi unaongea kuliko mistari aliyoandikiwa.

Police Academy haina mtu mmoja mwenye kitu, ina kundi. Mahoney ana utundu tu, na utundu peke yake haungetosha. Lakini kando yake yupo Larvell Jones, aliyechezwa na Michael Winslow, anayetoa kwa mdomo mlio wa kila kitu, kuanzia king'ora hadi risasi. Yupo Hightower, jitu lenye sauti ya upole aliyekuwa akiuza maua, likichezwa na Bubba Smith, ambaye kabla ya sinema alikuwa mchezaji wa kwanza kuchaguliwa katika usajili wa ligi ya futiboli ya Marekani mwaka 1967. Yupo Tackleberry mwenye mapenzi ya kupindukia na bunduki, na Hooks mwenye sauti ya kunong'ona ambayo unangoja siku itakayopasuka. Kila mmoja ana kitu kimoja, kinatumika pale kinapohitajika, basi. Ni kama kuangalia mfululizo wa michezo mifupi jukwaani. Wapo wanaoupenda mtindo huo sana. Mimi huchoka katikati, kisha Winslow anafungua mdomo naamka.

Risasi na magari

Ukifuata mapigano zaidi ya vichekesho, usianze na Police Academy. Karibu filamu nzima iko kwenye viwanja vya mafunzo, na ghasia za mjini zinakuja mwishoni, tena zinaanzishwa na kuruta mmoja mzembe anayerusha tufaha dirishani na kumgonga mtu. Zilizobaki zinalipa zaidi.

21 Jump Street ndiyo iliyofikiria mapigano kama sehemu ya kichekesho. Kwenye mbio za barabara kuu kuna vitu ambavyo miaka yote ya kuangalia sinema imetufundisha kwamba vitalipuka. Tunajiandaa, mashujaa nao wanajiandaa, kimya. Halafu kinacholipuka ni kile ambacho hakuna aliyekiwazia. Waongozaji Phil Lord na Christopher Miller walitoka kwenye filamu za katuni, na naona mkono huo hapo: wanajua ucheleweshe mlipuko kwa pumzi ngapi ili mtu acheke.

Blue Streak ina mbio na mabishano ya bastola ya kawaida, yamefanywa kwa usafi, hayakumbukwi sana. Ride Along ina ghala, genge na mhalifu mkuu aitwaye Omar ambaye hakuna anayeujua uso wake, na hilo linampa Ben nafasi yake bora katika filamu nzima. Sitasema zaidi.

Unaangalia na nani?

Hili watu hulipuuza kisha wanajuta sebuleni.

Blue Streak na Ride Along zilipewa daraja la PG-13 huko Marekani, yaani wazazi wawe waangalifu kwa watoto wasiofikia miaka 13. Kuna matusi kiasi na risasi, lakini unaweza kukaa na mdogo wako aliye sekondari, hata na mama mkwe, bila kutafuta rimoti. 21 Jump Street na Police Academy zilipewa R, yaani asiyefikia miaka 17 asiingie bila mzazi au mlezi, na zinastahili. Ya 2012 ina matusi mfululizo, dawa za kulevya na mambo ya chumbani. Ya 1984 ina utupu ambao filamu ya leo ya aina hiyo isingeuweka ovyo namna ile, na ina mzaha kuhusu mashoga unaorudiwa kwenye baa moja ambao umezeeka vibaya. Naipenda filamu ile kwa mambo mengine, lakini sehemu hizo zinanikera waziwazi, na ningependa uzijue kabla ya kubonyeza.

Halafu lugha. Kama Kiingereza cha mtaani cha Marekani hukishiki kwa kasi, anza na Blue Streak au Police Academy. Martin Lawrence anachekesha kwa macho, kwa shingo, kwa kutembea. Tazama anapoingia kituoni mara ya kwanza amejigeuza mpeleka piza mwenye meno ya ajabu, hata ukizima sauti utacheka. Winslow naye milio yake haina lugha. 21 Jump Street ni kinyume: nusu ya utamu umo kwenye maneno yanayopishana mdomoni, na Ice Cube, anayecheza mkuu wao Kapteni Dickson, anatukana kwa mahadhi yake mwenyewe. Washa maandishi ya chini. Ride Along iko katikati. Hart ana kasi lakini anajirudia, kwa hiyo ukikosa mara ya kwanza utaikuta mara ya pili.

Ice Cube yumo kwenye mbili kati ya hizi nne, na zote ananuna. Ananuna vizuri zaidi kwenye 21 Jump Street, kwa sababu pale kununa kwake kumeandikwa kama mzaha, wakati kwenye Ride Along kumeandikwa kama tabia.

Mbili utakazozikuta njiani

Paul Blart: Mall Cop ya 2009 ina mlinzi wa jengo la maduka, Kevin James, aliyeshindwa mtihani wa mazoezi wa polisi kwa sababu sukari yake ya damu hushuka ghafla na kumwangusha. Ni ya upole, daraja la PG, na kama una watoto wa shule ya msingi ndiyo hiyo, usihangaike na zile nne. Mtu mzima akiangalia peke yake atasinzia.

Let's Be Cops, ya 2014, ndiyo ngumu kuipendekeza. Marafiki wawili wanavaa sare za polisi kwenda kwenye sherehe, wanaona watu wanavyowaogopa na kuwatii barabarani, wananogewa, wanaendelea. Damon Wayans Jr. na Jake Johnson wana mvutano mzuri wa kirafiki. Lakini filamu ilitoka katikati ya Agosti 2014, siku chache tu baada ya kijana Michael Brown kuuawa kwa risasi na askari huko Ferguson, Missouri, wakati Marekani nzima ikijadili sare ile inampa mtu nguvu gani. Kwa kipimo changu inaanguka kwa sababu nyingine vilevile: wale wawili hawana kitu ambacho polisi hawana. Wana sare tu. Miles Logan naye ni polisi bandia, lakini anahangaika kuivua sare yake. Hawa wanafurahia kuivaa, na sikuweza kufurahi pamoja nao.

Basi uanze na ipi

Kama hujawahi kuangalia hata moja, au mko watu wa rika tofauti chumbani, weka Blue Streak. Ni kama saa moja na nusu, haikawii kuanza, na mwisho wake unalingana na mwanzo wake. Kama ni wewe na rafiki mliyesoma naye na mna umri wa kusikia matusi, weka 21 Jump Street, tena usiku, bila simu mkononi. Ride Along ni ya siku umechoka na kazi na hutaki kufikiri. Police Academy iweke baada ya hizo, si kwa ubaya wake, bali kwa sababu ukishaona wajukuu ndipo utakapofurahi kumwona babu: Mahoney alipewa achague jela au sare tangu 1984, na wengi waliofuata wanapita kwenye mlango aliouacha wazi.

Kuhusu zilizofuata: Police Academy ina filamu 7, hadi ya mwaka 1994, na Guttenberg yumo kwenye 4 za mwanzo tu. Mimi niliishia hapo alipoishia yeye. Ride Along 2 ya 2016 inawahamishia Miami na haiongezi kitu. Blue Streak haikupata ya pili, lakini Martin Lawrence alirudi mwaka 2003 kwenye National Security akiwa mtu aliyefukuzwa chuo cha polisi na kuishia ulinzi. Ina cheche zake, haifiki. Ya kuendelea nayo kweli ni 22 Jump Street ya 2014, ambayo inawapeleka Schmidt na Jenko chuo kikuu. Mkiiweka, msizime majina yanapoanza kupita mwishoni. Pale wametengeneza matangazo ya filamu bandia za mbeleni, moja baada ya nyingine, kila moja ikiwapeleka shule ya ajabu zaidi, na ile ya udaktari ndiyo iliyonitoa machozi.